Kuku Watatu wa Kukombolea Cherehani

Watu wakisikia harufu ya karafuu kwenye pilau humeza mate. Mimi hutema. Nimekaa kwenye harusi ngapi hapa Morogoro mjini, sahani imewekwa mbele yangu, mvuke unapanda, wenzangu wanasema mashallah, na mimi nimegeuza uso kama mtu aliyepitishiwa panya aliyeoza. Wanadhani nina maringo, au nina mimba ya uzeeni. Sina. Mwaka ule nilikuwa na miaka kumi, na kule kwetu juu ya Matombo moto wa shamba la baba uliruka mfereji ukaingia kwenye mikarafuu ya Mzee Kibwana. Kwa siku tatu mlima mzima ulinuka kama dawa ya jino. Harufu iliingia kwenye maji ya mtungi, kwenye nywele zetu, hata kwenye ndizi zilizofukiwa ziive. Baba yangu, Rajabu, alikuwa anachoma majani kusafisha shamba kabla ya mvua, kama kila mtu, na upepo wa mchana ukamgeuka. Hakukana. Asubuhi yake alikwenda kwa Mzee Kibwana, akaketi chini kwenye vumbi, akasema nimekosa. Mzee Kibwana naye hakumtukana. Alikwenda mahakama ya mwanzo, akafungua madai, akashinda, na hakimu akaamuru baba alipe. Mzee huyo simtii kwenye orodha yangu ya wabaya. Mikarafuu ilikuwa yake, nayo iliungua. Wabaya wangu nitawataja kwa majina, na hawakutoka mbali.

Baba hakuwa na cha kulipa. Asiyejua mambo ya Uluguru ataniuliza, kwa nini hakuuza shamba? Shamba lipi? Kwetu ardhi inakwenda kwa upande wa mama. Baba alikuja kuoa, akajenga kwenye ardhi ya ukoo wa wakwe zake, akalima alipoonyeshwa. Mwenye kauli juu ya udongo ule alikuwa Mwinshehe, kaka mkubwa wa mama, mjomba wangu tumbo moja na mama. Huyo ndiye wa kwanza kwenye orodha. Cha baba kilikuwa ni kile kilichomo ndani: kitanda cha mninga, redio, sufuria, mbuzi wawili na mabati aliyoyanunua moja moja kila msimu wa ndizi. Na palikuwa na cherehani. Hiyo haikuwa ya baba. Mama aliinunua kabla hajaolewa, kwa fedha ya mdalasini aliouchuna mwenyewe, akaja nayo nyumbani kwa mumewe ikiwa imefunikwa khanga mpya kama bibi harusi wa pili. Ilikuwa ya kukanyaga kwa miguu, na ilikuwa na kilema: kila baada ya mishono kadhaa iliruka mmoja, ikatoa mlio wa kama mtu anayechechemea. Ukisikia ta-ta-ta-kwe, ta-ta-ta-kwe, ujue Bi Mwanaidi anashona. Nusu ya watoto wa shule yetu walivaa sare zilizotoka kwenye cherehani ile. Mimi nilivaa sare mbili, moja ya kufua na moja ya kuvaa, na nilitembea kifua mbele kama binti wa mwenyekiti.

Siku ya kuandika mali alikuja dalali wa mahakama, mtu mwembamba aliyeitwa Chogo, amevaa viatu vya mjini vilivyojaa tope la njia yetu. Alikuja na karani na mgambo mmoja. Akaingia ndani, akawa anataja na karani anaandika. Alipofika kwenye cherehani alisimama. Nakumbuka alivyoipapasa kichwani, akasema, "Na hii ni ya nani? Mke akiwa na mali yake, deni la mume haliihusu. Kama ni yako, mama, sema nisiiandike." Mama alifungua mdomo. Naapa nilimwona akifungua mdomo. Mjomba Mwinshehe, aliyekuwa ameegemea mlango, akakohoa, akasema, "Andika tu, bwana. Ndani ya nyumba hii hakuna changu wala chako." Chogo akamwangalia mama tena. Akasema kama kuna mwenye neno, zipo siku kumi na nne kabla ya mnada, aende mahakamani akaweke pingamizi, ni bure, na hakuna atakayemla. Mama akafunga mdomo. Dalali yule nilimchukia miaka mingi, maana mtoto humchukia anayemwona na daftari. Leo nasema, siku ile ni yeye peke yake aliyetaka kutusaidia.

Baada ya wageni kushuka, mjomba alimweka mama chini. Maneno yake nayakumbuka kama yaliyosemwa leo asubuhi. "Mwanaidi, mdogo wangu, ukienda mahakamani kusema hiki changu hiki cha mume, umemvua shemeji nguo barabarani. Na nani atapanda mlima huu kuja kununua cherehani? Tutakuwa ni sisi kwa sisi. Nimeshaongea na Salumu Pazi. Watani watachukua kila kitu kwa bei ya chumvi, na kesho yake utakomboa kwa kuku. Mnada ni msiba tu, ila huu hauna maiti." Sasa hapo lazima nieleze, maana ndipo tulipozama. Sisi kwenye msiba tuna watani, watu wa ukoo tunaotaniana nao tangu mababu. Mtani akija msibani hucheka wakati wewe unalia. Huingia ndani akabeba sufuria, kiti, hata jembe lililochimba kaburi, na akishabeba ni chake mpaka umkomboe kwa kuku au shilingi kidogo. Anakulazimisha ubishane naye bei, na ukibishana unacheka, na ukicheka umeshaanza kupona. Ukoo wa kina Pazi walikuwa watani wetu. Alipokufa bibi, Salumu Pazi alibeba kinu chetu kichwani akazunguka nacho kijiji kizima akilia kwa sauti ya kike, na alikirudisha kwa jogoo mmoja. Kwa hiyo mama aliamini. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mama yangu alilisikia la mkuu wake neno kwa neno, na guu likavunjika vilevile.

Mnada ulifanyika kwenye uwanja wetu, mchana kweupe. Na hili ndilo linalonitia kichefuchefu zaidi ya yote: ilikuwa siku ya furaha. Watu walikuja wameoga. Wanawake walikuja na karanga za kuchemsha. Chogo alisimama juu ya kinu akaita, "Kitanda cha mninga! Nani anaanza?" Salumu Pazi, mfupi, tumbo mbele, kofia ya vito imekaa upande, akajibu, "Nipe mimi. Huyu mtani wangu anakitesa bure, kukilalia hajui!" Uwanja ukaangua kicheko. Bi Zaina, jirani yetu wa chini ambaye naye ni wa ukoo wa kina Pazi, akapiga vigelegele, akauliza, "Na mume naye yumo kwenye mnada? Huyo nitampandia bei!" Mama yangu, mama yangu mwenyewe, akajibu huku anacheka, "Huyo mchukue bure, mtani, ila anakoroma!" Chogo akakasirika, akasema huu ni mnada wa mahakama, si ngoma. Hakuna aliyemsikiliza. Kitanda mtani mwingine, Abdala Chuma, alikichukua kwa bei ya mkeka. Sufuria zote sita zilikwenda kwa Bi Zaina kwa fedha ya kununulia mfuniko. Mtu akitaka kupandisha bei, Mjomba Mwinshehe alimtazama tu, na yule akanyamaza. Cherehani ikaenda kwa Salumu Pazi, mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu, imekwenda, na hakuna mwingine aliyeinua mkono. Baba hakuwepo uwanjani. Alikuwa nyuma ya nyumba ananoa panga ambalo lilikuwa kali tangu juzi yake.

Vijana walibeba meza ya cherehani na kichwa chake. Droo ilichomoka, ile ndogo ya pembeni mama alimowekea sindano na bobini. Mimi niliiokota. Nikaibeba mwenyewe kichwani, nikawafuata mpaka kwa kina Pazi nikiruka ruka, nikiwaambia wenzangu kwamba kesho tunakuja kuikomboa. Mtoto wa mtu anayeibiwa nilimbebea mwizi mzigo wake, tena nikiimba.

Asubuhi yake mama alikamata kuku watatu, majike wawili na jogoo, akawatia kwenye tenga akalibeba kichwani, tukaenda. Alikuwa amevaa khanga ya kutokea. Alipiga hodi kwa maringo ya utani, "Hodi, wezi wa msibani! Leo nimekuja kukomboa, na msiniongezee bei, maana kuku ni hawa hawa!" Salumu Pazi alitoka anacheka. Akawapokea kuku mmoja mmoja, akampa mkewe, akasema karibu chai. Ndani kwenye kigoda alikuwa amekaa Mjomba Mwinshehe, anakunywa chai iliyotoka kwenye birika letu la bati lenye maua mekundu. Nilifurahi kumwona. Mama akanywa nusu kikombe, akasema, "Haya, mwanangu Hawa, shika droo, twende." Pazi akauliza, "Droo ya nini?" Mama akasema, "Ya cherehani yangu." Pazi akaingiza mkono kwenye mfuko wa koti, polepole, akatoa karatasi. Akaikunjua juu ya goti.

"Mtani," akasema, "msibani huwa wanatoa risiti?"

Mama alidhani ni utani. Akacheka. Akasema usinichoshe, nina sare za watu hazijaisha. Pazi naye akacheka, kicheko kilekile cha jana, hakikubadilika hata kidogo, na hilo ndilo linaloniamsha hadi leo. Akasema, "Hii hapa ina muhuri. Nimenunua mbele ya watu. Ila asante kwa kuku, mtani." Mama akageuka kwa kaka yake. Akasema neno moja tu, "Kaka?" Mjomba alitazama ndani ya kikombe chake kana kwamba jibu limezama kwenye majani ya chai. Akasema, "Karatasi ni karatasi, Mwanaidi." Tulirudi nyumbani mama amebeba tenga tupu kichwani, na alilishikilia kwa mikono miwili njia nzima, kama lina mzigo.

Aliwapitia wote. Bi Zaina alisema sufuria ameshazipikia, haziwezi kurudi na masizi ya watu wengine. Abdala Chuma alisema kitanda mkewe ameshakilalia na ni mjamzito, si vizuri kumwamsha. Kila mmoja alikuwa na sababu yake na kila mmoja alikuwa na risiti. Halafu yakaja yale ambayo wajanja wetu hawakuyafikiria, au waliyafikiria vizuri mno. Kwa kuwa kila kitu kiliuzwa kwa bei ya chumvi, deni la Mzee Kibwana halikupungua hata robo. Mwezi wa pili baada ya mnada Chogo alirudi na amri nyingine, na safari hii aliangalia juu. Mabati yalishuka. Aliyeyanunua alikuwa Mjomba Mwinshehe, kwa mkono wake mwenyewe, bila kujificha nyuma ya mtani, na mvua za vuli zilimkuta amelala chini ya mabati ya shemeji yake wakati sisi tumeezekwa majani ya migomba. Waswahili wanasema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Uongo. Zimwi linalokujua linajua pia mfupa gani una uboho.

Baba aliteremka kwenda Dumila kupakia magunia kwenye malori. Alituma salamu mara mbili na sukari mara moja. Baadaye hata salamu hazikuja, na sikumlaumu sana. Mtu aliyeuzwa kwa kicheko mbele ya mkewe anarudi na uso gani? Mimi niliishia darasa la nne. Sare ya kufua iliraruka, sare ya kuvaa ikararuka, na mshona sare za shule nzima hakuwa na cha kumshonea mwanawe. Lakini njaa na aibu si vitu nilivyokuja kuvisema, hivyo kila maskini anavijua. Nataka kusema juu ya kinyaa. Kinyaa ni kualikwa kwenye hitma, ukapewa wali kwenye sahani yenye ufa unaoujua, ufa ulioupiga wewe mwenyewe. Kinyaa ni kumsalimia Bi Zaina shikamoo kila asubuhi, na kuitikiwa marahaba mwanangu na mtu aliyeshika sufuria ya mama yako. Na mchana kukiwa kimya, kutoka ng'ambo ya bonde, tulisikia ta-ta-ta-kwe, ta-ta-ta-kwe. Binti yake Pazi alikuwa anajifunza kushona. Mama akisikia aliacha kupepeta mchele, akakaa na ungo mapajani mpaka mlio ukatike. Hakulia. Mara moja tu alisema, "Hajui kuikanyaga. Ataivunja."

Tulihamia mjini nikiwa na miaka kumi na nne. Mama alifulia watu nguo mpaka vidole vikapauka, na mimi nikaingia kwa fundi mmoja Mji Mpya, nikaanza kwa kukata nyuzi, nikapanda kwenye vifungo, mpaka nikapewa mashine. Leo nina kibaraza changu na cherehani mbili za umeme. Mama amelala makaburini, hakuikomboa. Miaka kadhaa nyuma wakili mmoja aliniletea suruali ya kupunguza kiuno. Nikamsimulia habari hii kama hadithi ya mtu mwingine. Akaniambia, tena kwa haraka, huku anajipima, kwamba kitanda, sufuria za kupikia na kifaa cha kazi ya mtu havifai hata kukamatwa kwa deni, na kwamba mke angekwenda na maneno mawili tu angerudishiwa cherehani yake. Maneno mawili. Ni yangu. Niliitoboa suruali ya watu kwa sindano pale pale.

Siku hizi minada inatangazwa kwa gari lenye spika, picha za nyumba zinatumwa kwenye simu, wanunuzi wanatoka Dar es Salaam na miwani yao myeusi. Nasikia watu wa rika langu wakilalamika kwenye kibaraza changu: zamani bwana kulikuwa na undugu, jirani akinadiwa hununui. Mimi naendelea kukanyaga mashine. Hao wa miwani wanakuja, wananunua, wanaondoka, na usiku hawakuiti jina la utani. Nikinadiwa mimi, Mungu aniletee mgeni.

Mwaka jana, wakati wa masika, nilipata simu kwamba Salumu Pazi amekufa. Mjomba Mwinshehe alishatangulia zamani, na kwenye msiba wake sikwenda. Kwa Pazi nilikwenda. Nilikodi kirikuu, ile gari ndogo ya mizigo, na dereva aliponiuliza mzigo uko wapi nikamwambia tutaupata huko huko. Niliikuta cherehani kwenye kona ya sebule, imefunikwa kitambaa, juu yake wameweka televisheni. Nikaiteremsha televisheni taratibu, nikaikalia cherehani, nikaanza kulia kwa sauti ya kiume, kama mtani anavyopaswa. Waombolezaji wakaangua kicheko. "Mtani kafika! Mtani wa mjini kachukua mashine!" Vijana wao wenyewe, wajukuu wa marehemu, waliibeba mpaka kwenye gari wakiimba. Mtoto mmoja wa kike alishika droo, akaifuata gari mbio akanikabidhi dirishani. Yule ndiye pekee aliyenifanya nitake kushuka. Sikushuka.

Walianza kupiga simu baada ya arobaini. Mwanzoni walicheka. Wiki ya tatu akaja Athumani, mtoto mkubwa wa Pazi, tumbo la baba yake limeshamwota, amebana jogoo kwapani. "Mtani, umetuchosha," akasema. "Tumekuja kukomboa mashine ya mzee." Nilinyoosha mikono, nikampokea jogoo, nikamfunga mguu kwenye meza ya cherehani yenyewe. Nikasema, "Asante kwa kuku, mtani." Akacheka. Akangoja. Nikaingiza uzi kwenye sindano ya mashine yangu. Akasema, "Sasa, mashine?" Nikamuuliza, "Una risiti?" Alicheka tena, kidogo, akasema risiti gani ya miaka yote hiyo, mtani, mwenyewe ameshakufa. Kisha akanitazama vizuri, na nikaona anaanza kunikumbuka, yule msichana wa droo. Aliondoka mkono mmoja bado ameukunja, kana kwamba jogoo yumo.

Sikumwambia kwamba haishoni. Kutu imeshika gurudumu, chuma cha kukanyagia kimepasuka kama mama alivyosema, na ndani ya droo hamkuwa na sindano hata moja ya mama, mlikuwa na betri za rimoti na mayai ya mende. Nimeiosha kwa mafuta ya taa mara tatu, bado inanuka nyumba ya watu. Na sauti niliyomjibu nayo Athumani, naijua ilikotoka. Niliisikia mara ya kwanza nikiwa nimekaa na kikombe cha chai mapajani. Nimeibeba miaka yote hii bila kujua, kama nilivyoibeba droo. Jogoo nilimpa kijana wa duka la jirani amchinje. Nilimpika bila karafuu. Nilikula matonge mawili, nikasukuma sahani.